Hatari!: seti iliyofungwa juu ya madigadi

Ukiitazama filamu ya Hatari! ukiwa Karatu, macho yanakimbilia wanyama na milima, na si ajabu. Howard Hawks alimleta John Wayne Tanganyika mwishoni mwa 1960, kabla ya uhuru, akapiga picha kaskazini, kuanzia Momella chini ya Mlima Meru hadi huku kwetu, Manyara na Ngorongoro. Wanyama ni wa porini kweli, na waigizaji wenyewe wanaonekana wakiwakamata. Mimi ningependa tuwatazame waliobuni vitu vinavyozunguka mbio hizo za kukamata wanyama.

Kwenye filamu hiyo ya 1962, usanifu wa sanaa umeandikwa kwa majina ya Hal Pereira na Carl Anderson. Pereira alikuwa mkuu wa idara ya sanaa ya Paramount. Kwa ajili ya Rear Window ya Alfred Hitchcock, iliyotoka mwaka 1954, yeye na Joseph MacMillan Johnson walijenga ua mzima wa nyumba za ghorofa ndani ya studio, wakaondoa hata sakafu ili wapate kina. Kila dirisha na kila ngazi vilikaa walipotaka wao. Sasa idara hiyohiyo inakabidhiwa nchi ya Ngorongoro, yenye kreta ya upana wa kilomita 19 hivi na kingo za mita 600. Huko hujengi ukuta, wala kifaru humpangii pa kupita.

Kwa ninavyoisoma picha, ubunifu ulihamia kwenye magari. Mbinu hawakuzivumbua wao: mshauri wa filamu, Willy de Beer, alikuwa mkamataji wanyama mwenye leseni, na lori la kukamatia linatokana na kazi ya watu kama yeye. Sifa ya wasanifu ni kuliacha lionekane la kazi. Angalia kile kiti kilichofungwa juu ya madigadi ya mbele. Mshikaji amekaa nje kabisa, mkononi ana mti mrefu wenye kitanzi cha kamba. Kwa sababu ya kiti hicho, uso wa nyota na shingo ya twiga vinaingia kwenye fremu moja, bila kukata picha ili kutudanganya. Gari likirushwa na shimo, mbuga nzima inayumba nalo. Kifaru akija ubavuni tunampima kwa bodi ya gari, na ukubwa wake unatutisha. Seti yote ya tukio hilo ni kiti, kamba na bati. Mafundi wa gereji wanaokata paa la Land Cruiser na kulinyanyua ili mtalii asimame wangeuelewa uamuzi huo mara moja: umbo la gari ndilo linaloamua abiria aone nini.

Ugumu unaanza mbio zinapokwisha. Nje ya kambi ya wakamataji kulipigwa picha Tanganyika, lakini vyumba vya ndani vilipigwa Hollywood, na kazi ya kuunganisha pande hizo mbili inaangukia kwenye vumbi. Anayeishi huku analijua: udongo wa Karatu ni mwekundu, unang'ang'ania soksi hata baada ya kufua, ilhali chini kwenye kreta vumbi ni la kijivu. Mtu aliyetoka kukamata nyati angeingia na rangi ya ardhi kwenye buti na mikunjo ya suruali. Ndani ya nyumba ya kambi sakafu ni safi mno, na mwanga umetulia mno. Hapo ndipo naiona studio.

Kazi bora kuliko zote, kwangu, ni mtego wa tumbili. Mti mmoja mkubwa, roketi iliyoundwa na Pockets, anayechezwa na Red Buttons, na wavu mpana unaorushwa hadi kuufunika mti wote. Kwa muda mfupi mti wa porini unapata paa na kuta, na mbunifu wa seti hatimaye anapata chumba chake katikati ya mbuga. Nani kati ya wanaotengeneza filamu Arusha na Karatu leo atakayejaribu kubuni kwa namna hiyo, kwa kamba na nyavu badala ya mbao na rangi?