Sosi ya Kigiriki Kwenye Mbabula ya Pweto

Anayetaka kupika sosi ya moto ya jibini na kitunguu saumu kwa mtindo wa Kigiriki huanza kwa kuulizia feta. Pweto hataiona sokoni, na akiagizia Lubumbashi, ikipatikana, itafika kwa bei ya kumfanya aahirishe mapishi. Asisikitike sana. Feta peke yake haitoi sosi. Ukiitia motoni inalegea, inatoa maji, kisha inabaki chembechembe zinazoelea kwenye mafuta.

Wagiriki wanalijua hilo, ndiyo maana hawailazimishi. Tirokafteri, yaani feta iliyopondwa na pilipili, huliwa baridi. Skordalia, ya kitunguu saumu kilichotwangwa na viazi au mkate, nayo baridi. Buyurdi ya Thessaloniki ndiyo inayoingia kwenye tanuri, feta kwa nyanya na pilipili, na ikitoka bado unaona pande la feta liko vilevile, limelainika tu. Sosi ya moto inayochovyeka inataka jibini mbili zenye tabia tofauti: moja ilete chumvi, ukali na ile chengachenga ya Kigiriki, nyingine ilete ulaini. Ukishaelewa hivyo, swali la feta linapungua uzito, maana kazi zote mbili zinaweza kufanywa na vitu vilivyopo Pweto.

Kwanza tuone kwa nini feta haiyeyuki. Jibini imejengwa kwa protini inayoitwa kaseini, na kinachoishikanisha ni kalsiamu, kama kamba zinavyofunga fito za nyumba ya udongo. Katika jibini changa za jamii ya Gouda kamba bado zipo, lakini zinalegea kwa joto, na ukuta mzima unainama: hapo tunasema jibini imeyeyuka. Feta huachwa ichachuke mpaka pH yake, kipimo cha asidi, inashuka karibu na 4.5. Asidi hiyo imeshaziyeyusha kamba, lakini fito zimegandana zenyewe kwa zenyewe, na moto unazidi kuzibana. Hilo si kasoro ya feta. Sheria ya Ulaya, iliyolilinda jina hilo kwa Ugiriki mwaka 2002 na kuthibitishwa mahakamani mwaka 2005, inataka maziwa ya kondoo, ya mbuzi yasizidi asilimia 30, na jibini ikae miezi miwili kabla ya kuuzwa. Muda huo wote inazidi kuwa feta, wala haijiandai kuwa sosi.

Pweto iko kichwani mwa Ziwa Mweru, pale mto Luvua unapotoka ziwani. Ugiriki si jambo geni katika maji haya. Kusini, Kasenga kwenye mto Luapula, wafanyabiashara wa Kigiriki walijenga mashua na kusafirisha samaki kwa barafu hadi Élisabethville, Lubumbashi ya leo, kuwalisha wafanyakazi wa migodi ya Union Minière. Walivua na kununua mpaka mpumbu, samaki aliyekuwa akipanda mto kwa makundi kwenda kutaga, akaadimika kufikia miaka ya 1950. Nissim Soriano, baba yake mwanasiasa Moïse Katumbi, alitoka kisiwa cha Rhodes akaja kufanya biashara ya samaki ukanda huuhuu, ingawa yeye alikuwa Myahudi. Watu hao waliacha mashua na hadithi nyingi. Kondoo wa kukamuliwa hawakuacha.

Kwa hiyo jibini ya kwanza tunaitengeneza. Mbuzi wapo, ila wengi hufugwa kwa nyama na ni vigumu kumpata wa kukamua lita nzima. Ukipata maziwa yake, ndiyo bora kabisa kwa ladha. Usipopata, chukua maziwa ya unga yenye mafuta yake yote, gramu 150 kwa lita moja ya maji. Wako watakaokwambia maziwa ya unga hayatoi jibini. Wanasema kweli kuhusu jibini ya kugandisha kwa reneti, kwa sababu joto la kiwandani hudhoofisha namna maziwa yanavyoshikana na reneti. Lakini kwa asidi yanaganda vizuri tu.

Koroga unga kwenye maji ya vuguvugu, chuja madonge, kisha pandisha moto taratibu mpaka pembezoni mwa sufuria vianze kutokea vipovu vidogo na juu kutanda utando. Hapo maziwa yako karibu nyuzi 90. Epua. Tia maji ya ndimu kijiko kimoja cha mezani, koroga mara mbili tatu polepole, subiri, tia kingine. Mahali fulani kati ya kijiko cha tatu na cha nne utaona maziwa yanakatika: mabonge meupe upande huu, maji ya rangi ya kijani-manjano upande ule. Maji yakiwa bado meupe kama maziwa, asidi haijatosha. Yakishakuwa angavu, acha, usiongeze. Baada ya dakika kumi mimina kwenye kitambaa safi, funga, ning'iniza, kisha kandamiza kwa jiwe lililooshwa kwa muda wa saa moja. Usimwage maji yote yaliyochujika, tutayahitaji.

Jibini hii haiyeyuki hata kidogo. Joto lile la nyuzi 90 lilizifungua protini za maji ya maziwa zikajibandika kwenye kaseini, na tangu hapo bonge limekuwa gumu kwa tabia. Kwa kazi tuliyoipa, hilo ndilo tunalotaka. Kinachopungua ni ukali na chumvi. Vunjavunja bonge, tia chumvi kijiko kimoja cha chai kilichojaa, na vijiko viwili vya mtindi uliochujwa maji ukawa mzito. Ukionja lazima uhisi chumvi imezidi kidogo kwa kula hivihivi, kwa sababu jibini ya pili ni pole na itaizimua.

Jibini ya pili ndiyo itakayowashangaza wapishi wenye maringo. Ni zile pembetatu za La Vache qui rit, zilizofungwa kwenye karatasi ya fedha, zinazouzwa mojamoja kwenye vibanda vingi vya Kongo bila friji. Wengi wanaziona chakula cha watoto cha kupakia mkate wa asubuhi. Kiufundi, hizo ndizo zinazobeba sosi nzima. Mwaka 1911, huko Thun, Uswisi, Walter Gerber na Fritz Stettler waligundua kwamba jibini ikipashwa moto pamoja na sitrati ya sodiamu haitengani na mafuta yake. Sitrati huinyang'anya kaseini kalsiamu na kuiachia sodiamu badala yake, na kaseini iliyofunguliwa huzishika chembe za mafuta zisikimbie. Miaka kumi baadaye, mwaka 1921, Léon Bel alisajili jina la La Vache qui rit katika jimbo la Jura, Ufaransa, kwa jibini ya aina hiyo. Chumvi za kuyeyushia, zenye kazi kama ya sitrati hiyo, zimo ndani ya kila pembetatu, na zinapoyeyuka sufuriani hazijihudumii zenyewe tu: zinasaidia na mafuta yako kukaa ndani ya sosi. Ndiyo maana naziweka mbele ya jibini yoyote ya bei kubwa kwa kazi hii.

Atakayebahatika kupata jibini ya Masisi, ile ambayo Kongo nzima huiita ya Goma, anaweza kuitumia badala yake, na kwa ladha atapata zaidi. Lakini tangu uwanja wa ndege wa Goma ulipofungwa Januari 2025 kwa vita, kuitegemea ni kubahatisha. Tena hiyo haina chumvi za kuyeyushia, kwa hiyo inabidi uzitengeneze. Chukua vijiko viwili vya mezani vya maji ya ndimu, tia bikaboneti ya soda isiyofika nusu kijiko cha chai, kidogokidogo, ukiacha povu liishe kila mara. Umepata sitrati ya sodiamu yako, ya kutosha gramu 100 hivi za jibini iliyoparuzwa. Soda ikizidi, sosi itakuwa na ladha ya sabuni, na hakuna viungo vya kuificha. Afadhali ibaki na ukali kidogo wa ndimu.

Kitunguu saumu kinataka subira kuliko jibini. Punje nzima haina ukali wowote, ukali unazaliwa pale unapoiponda, kimeng'enya kinapokutana na kitu kilichokuwa kimetengwa nacho na kutengeneza alisini. Joto linakiua kimeng'enya hicho, na asidi kali inakizima. Kwa hiyo atakayeponda na kutia moja kwa moja kwenye mafuta ya moto, au kukamulia ndimu hapohapo, amekata kazi kabla haijaanza. Ponda kwa chumvi, acha dakika kumi, ndipo uendelee. Mimi hugawa mafungu mawili. Punje tatu nazikata vipande vyembamba na kuzipika kwenye vijiko vitatu vya mafuta ya karanga, moto mdogo, mpaka ziwe laini na rangi ya dhahabu hafifu. Zikifika rangi ya kahawia, tupa uanze upya, maana uchungu wake hauondoki. Punje moja iliyopondwa inabaki mbichi, ya kuingia mwishoni. Za kupikwa zinaleta utamu, ile mbichi inaleta pua. Mafuta ya zeituni yakiwepo, sawa. Mafuta ya mawese yaache kwa sombe, hapa yatafunika kila kitu.

Sasa moto. Mbabula ya makaa haina kitufe cha kupunguza, na sosi ya jibini haipendi moto wa moja kwa moja. Weka bakuli la bati juu ya sufuria yenye maji yanayochemka polepole, chini ya bakuli pasiguse maji. Pweto iko zaidi ya mita 900 juu ya bahari, na maji huchemka karibu nyuzi 97, kwa hiyo mvuke wake ni mpole kidogo kuliko wa pwani. Tia pembetatu nane zilizomenywa na vijiko vinne vya yale maji ya jibini. Koroga kwa mwiko mpaka pawe laini kama uji mwepesi. Mimina mafuta ya kitunguu saumu kwa uzi mwembamba huku ukikoroga bila kusimama. Yakiingia yote kwa mkupuo yataelea, na utahitaji mkono mrefu kuyarudisha. Ndipo utie jibini uliyoitengeneza, ikivunjikavunjika kwa vidole, gramu 150 hivi, pilipili iliyokatwa, na mwishoni kabisa kile kitunguu saumu kibichi. Dakika moja zaidi, epua. Ukiona vipande vya kitunguu vimegeuka rangi ya kijani au bluu, ni asidi imefanya hivyo, havina madhara.

Oregano haipo, na sioni haja ya kuitafuta. Majani machache ya kivumbasi, lumbalumba kwa Wakongo wengi, yakikatwa dakika ya mwisho yanakaribia sana. Baadhi ya aina zake zina thimoli, ambayo imo pia katika oregano. Kivumbasi kina nguvu, majani matatu yanatosha bakuli zima.

Huliwa ingali moto, kwa mkate uliochomwa juu ya makaa yaleyale, au mihogo ya kukaanga. Kwa samaki wa ziwani aliyekaangwa mkavu pia inakubali, ingawa Mgiriki angenuna kwa kuwekewa jibini juu ya samaki. Kwa bukari sikubaliani nayo: bukari inataka mchuzi wenye maji, na hii inagandana nayo mdomoni.

Jambo moja halina mjadala. Usiweke kitunguu saumu kwenye chupa ya mafuta ukaiacha rafuni iwe tayari kwa siku nyingine. Ndani ya mafuta hakuna hewa, na bakteria wa botulizimu hupenda hivyo, bila harufu wala dalili ya kukuonya. Vancouver, Kanada, mwaka 1985, watu 36 waliugua kwa kula kitunguu saumu cha namna hiyo mgahawani. Palipo na friji, sosi iliyobaki ikae humo na iliwe kesho yake. Pasipo na friji, pika ya mlo mmoja, na bakuli lifutwe kwa mkate usiku huohuo.