Pua ya Upanga na Kalamu Zetu

Chukua riwaya yoyote ya mapenzi inayouzwa chini pale stendi, uisome huku unahesabu kurasa. Kabla hujafika ya tano msichana keshaingia, na keshapewa vifaa vyake vyote: pua ya upanga, macho ya gololi, mwanya, shingo ya pingili. Ukifunga kitabu, mtu akakuuliza huyo binti anafananaje, huna la kusema. Umepewa orodha ya vipuri, sura hukupewa. Jambazi naye ana kovu na macho mekundu ili tusipate taabu ya kumjua.

Wengi husema huo ni uvivu tu wa waandishi chipukizi. Mimi naona pana zaidi ya uvivu, na naona hivyo kwa sababu natoka Karagwe, upande ule uliomegwa mwaka 2012 ukawa wilaya ya Kyerwa. Huku kwetu pua ya binadamu iliwahi kusomwa kama kitabu. Aliyeisoma akaondoka zake, akaacha deni likalipwa na wengine.

Ilikuwa mwishoni mwa Novemba 1861. Waingereza wawili, John Hanning Speke na James Grant, walifika kwa Omukama Rumanyika, mtawala wa Karagwe wa ukoo wa Wahinda. Walipokewa vizuri kupita walivyotarajia. Sasa Speke, badala ya kutosheka kwamba amekutana na mwenyeji muungwana, akamtazama Rumanyika na ndugu yake usoni, akaona macho makubwa na pua zilizoinuka, akakata shauri kwamba damu yao inatoka Uhabeshi. Katika kitabu chake cha mwaka 1863 aliweka sura nzima ya kueleza nadharia yake: kwamba watawala wa nchi hizi za maziwa ni wafugaji wageni, wavamizi kutoka kaskazini, na wakulima waliowakuta ni watu wa namna nyingine. Hivyo tu. Umekaribishwa pombe na maziwa, unamlipa mwenyeji wako kwa kumwambia hapa si kwao.

Fuata safari ya nadharia hiyo. Wakoloni Wajerumani, na baada yao Wabelgiji, waliikuta imeshapikwa, wakapakua. Huko Rwanda, mwaka 1933 na 1934, Wabelgiji wakahesabu watu na kuwapa vitambulisho vilivyoandikwa huyu Mhutu, huyu Mtutsi, huyu Mtwa. Novemba 1992 mwanasiasa Léon Mugesera akasimama kwenye mkutano wa chama chake akadokeza kwamba Watutsi warudishwe kwao Uhabeshi, kwa njia ya mto Nyabarongo. Uhabeshi ule ule wa Speke! Na Nyabarongo humwaga maji yake katika mto Kagera, na Kagera ndio mpaka wetu, unapita ukingoni mwa Karagwe na Kyerwa, Murongo pale, ukaishie Ziwa Viktoria. Mwaka 1994 maiti zilipita katika maji hayo hadi ziwani. Kwenye vizuizi vya barabarani kule Rwanda walikagua vitambulisho; asiye nacho alikaguliwa kimo na pua.

Simsingizii Speke mauaji. Kati ya kalamu yake na mapanga ya 1994 kuna watu wengi waliokuwa na akili timamu na wakaamua walivyoamua. Ila kosa lenyewe lilianzia mahali padogo sana, mahali ambapo sisi waandishi tunapita kila siku: mtu alimtazama mwenzake usoni akadhani anasoma anwani ya kwao.

Na tusijidanganye kwamba mambo hayo yaliishia ng'ambo. Kambi za wakimbizi zilizokuwa Ngara na Karagwe zilifungwa mwishoni mwa 1996, lakini jicho la kupima lilibaki. Mwaka 2013 ilipopita Operesheni Kimbunga ya kuondoa wahamiaji haramu, wapo waliovushwa mpaka huku wakisema wamezaliwa Tanzania. Hadi leo, kijana mrefu, mwembamba, akipanda basi Omurushaka kuelekea Bukoba, atasikia tu nyuma yake: "Wewe ni wa wapi?" Aliyekaa naye kiti kimoja haulizwi. Wote wawili wameamka kijiji kimoja.

Sasa turudi kwenye riwaya zetu. Hebu chunguza, nani anapewa pua ya upanga? Mpenzi wa mhusika mkuu, binti wa tajiri, daktari kijana aliyerudi kutoka Ulaya. Na pua bapa? Mlinzi wa geti, mpishi, mama wa kambo, mganga wa kienyeji. Kama sio kipimo kile kile cha 1863, ni nini? Tumekirithi bila kukisoma, tunakigawa kwa bei ya chini stendi, na dada zetu wanasimama mbele ya kioo wakijibana pua kwa vidole. Mshikaji mmoja wa kikundi chetu cha uandishi alinibishia kwamba msomaji anataka urembo, mpe urembo. Sawa, ampe. Lakini nimesoma hadithi ya huyo huyo mshikaji, na ukurasa pekee unaokaa kichwani ni ule ambapo shangazi anaambiwa habari ya msiba, anaendelea kuchambua maharage, na midomo yake inahesabu kimyakimya. Pua ya shangazi haikutajwa. Namwona mpaka leo.

Lugha yetu wenyewe ilikuwa imeshatuonyesha njia. Sikiliza Kiswahili kinavyosema juu ya uso: mtu hukunja uso, hukunjua uso, kama mkeka. Hununa, hubetua midomo, hukodoa, husawijika. Mtu mwenye deni hana uso wa kupita mbele ya duka. Asiye na aibu ni mkavu wa macho. Wahenga walisema uso umeumbwa na haya. Karibu kila nahau hapo ni kitendo, na karibu kila kitendo kina mtu wa pili anayetazama. Uso wa Kiswahili hautoshi peke yake, unahitaji mwenzake. "Pua ya upanga" ni picha ya pasipoti, haimtazami mtu.

Wataalamu wa saikolojia nao wana la kutuambia. Mwaka 2006 Janine Willis na Alexander Todorov, wa chuo kikuu cha Princeton kule Marekani, walionyesha watu picha za nyuso kwa sehemu moja ya kumi ya sekunde tu. Muda huo ulitosha mtazamaji kuamua huyu mwaminifu, huyu siyo. Kuamua, sio kupatia. Wengine wameonyesha kwamba hata hisia hazisomeki kirahisi: mwaka 2016 Carlos Crivelli na wenzake walipeleka picha kwenye visiwa vya Trobriand, na uso wa macho yaliyotumbuka na kinywa wazi, ambao Wazungu husema ni wa hofu, wenyeji wakasema huyu anatishia mtu. Na watu wa sinema husimulia jaribio la Mrusi Lev Kuleshov la miaka ya mwanzo ya mapinduzi yao: uso mmoja wa mwigizaji, haubadiliki, ukiwekwa karibu na bakuli la supu watu wanaona njaa, karibu na jeneza wanaona huzuni. Mwandishi wa riwaya akilielewa hilo amepata mtaji. Weka bakuli, weka jeneza, msomaji atauchora uso mwenyewe.

Wazee wetu wa sanaa walilijua hilo bila maabara. Kinyago cha mapiko cha Wamakonde kikitundikwa ukutani ni mti uliochongwa tu. Kinapata uso kikivaliwa na kuchezwa, watoto wakikimbia. Na katika hazina ya Rumanyika, ambayo Stanley aliikuta mwaka 1876, vilivyowekwa kwa heshima ni sanamu za chuma na shaba, wakiwemo ng'ombe wa pembe ndefu. Mfua chuma aliyeweza kupinda pembe kama zile hakukosa ufundi wa kupinda pua. Nadhani hakuona haja.

Katika fasihi yetu andishi, mfano ninaoupenda ni Adili na Nduguze ya Shaaban Robert. Ndugu wawili wa Adili wanageuzwa manyani. Adili analazimika kuwapiga, na akiwapiga analia. Hapo hakuna sura ya binadamu hata ya kuanzia, na bado tunawaona ndugu, kwa sababu ya yule anayewatazama huku machozi yanamtoka. Jaribu kumpa nyani yule pua ya upanga uone kama utaongeza kitu.

Kuna ukurasa mwingine wa Speke ambao kila kijana wa Karagwe na Kyerwa anayeandika angeutafuta. Alikwenda nyumbani kwa mke wa kaka yake Rumanyika, mmoja wa wanawake walionenepeshwa kwa maziwa kama ilivyokuwa desturi ya ikulu, akaomba ampime. Akampima mkono, kifua, paja, ndama ya mguu na kimo, akaandika futi na inchi. Pembeni alikaa binti wa miaka 16, ananyonya chungu cha maziwa, baba yake kashika fimbo ili asiache kunywa. Juu ya uso wa binti Speke aliona inatosha kusema ni mzuri. Alipoiangalia ile fimbo, alikunja uso au aliukunjua? Alipomwona mgeni mweupe anamzungushia mama yake kamba ya kupimia, macho yake yalikwenda wapi, kwa mgeni, kwa mama, au chini? Ukurasa huo haujaandikwa.