Uzito wa Neno "Isipokuwa": Uhakiki wa Kanuni za 1991 kuhusu Haki za Wagonjwa wa Akili

Tarehe 17 Desemba 1991 Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa lilipitisha Azimio namba 46/119, lenye kanuni 25 za kuwalinda watu wenye magonjwa ya akili na kuboresha huduma wanazopewa. Azimio hili si mkataba, na haliifungi serikali yo yote. Hata hivyo kwa miaka mingi limekuwa kipimo cha sheria na cha hospitali za umma. Ni nadra kulisikia likitajwa katika vyuo vya theolojia. Hiyo ni hasara, kwa maana mchungaji ndiye anayeitwa, mara nyingi kabla ya daktari, pale ukoo unapoamua kumfunga mtu kamba. Katika makala haya tunakusudia kulisoma azimio hilo jinsi tunavyofundishwa kusoma maandiko mengine: kwa kuuliza nani ni mtenda, nani ni mtendwa, na ni wapi sentensi inapogeuka.

Kiini cha azimio ni kanuni ya 11, inayohusu ridhaa. Inaanza kwa kutamka kwamba mgonjwa asipewe matibabu pasipo ridhaa yake, nayo iwe ridhaa ya mtu aliyekwisha kuelezwa: tiba ni nini, itachukua muda gani, ina faida na madhara gani, na ipo njia nyingine ipi. Lakini kabla sentensi ya kwanza haijafika kwenye nukta, linaingia neno "isipokuwa", likifuatwa na orodha ya aya tano za kanuni ile ile: ya 6, ya 7, ya 8, ya 13 na ya 15. Haki na vighairi vyake vinazaliwa kwa pumzi moja. Anayezoea kusoma amri za Torati anajua kwamba amri inayotolewa pamoja na udhuru wake haina nguvu sawa na amri inayosimama peke yake.

Aya ya 6 ndiyo inayostahili kutazamwa kwa muda mrefu. Inaruhusu mtu aliyelazwa kwa nguvu atibiwe bila ridhaa, endapo chombo huru kimeridhika kwamba hana uwezo wa kuamua, na kwamba tiba inayopendekezwa ni kwa manufaa yake. Hilo twaweza kulielewa. Ila aya inaongeza mlango wa pili: pale sheria ya nchi inapoelekeza, hata mgonjwa mwenye uwezo anaweza kutibiwa bila ridhaa, ikiwa anakataa pasipo sababu ya maana, kwa kuzingatia usalama wake au wa wengine. Tuulize: maana kwa nani? Anayekubali dawa haulizwi sababu. Anayekataa ndiye anayepimwa, na anayempima ni chombo ambacho hakitaimeza dawa hiyo. Mgonjwa anayesema kwamba dawa inamtetemesha mikono hata hawezi kushona, na kushona ndiko kunakomlisha, ametoa sababu au hajatoa? Azimio halisemi. Hapa ndipo hatukubaliani na wale wanaolisifu kwa jumla. Maneno hayo machache yamekigeuza kinga kuwa kizingiti.

Haki itendeke pia kwa waandishi wake. Aya ya 11 inakataza kumfunga mgonjwa au kumtenga, isipokuwa kwa utaratibu uliokubaliwa na pale tu ambapo hakuna njia nyingine ya kuzuia madhara yaliyo karibu sana. Kila tukio liandikwe, na lisiendelee kupita muda unaohitajika. Aya ya 12 ni fupi na haina mlango wa nyuma: kufunga kizazi kamwe kusifanywe kuwa tiba ya ugonjwa wa akili. Wakristo wa Kilutheri wanayo sababu ya pekee ya kusimama kwenye aya hiyo. Bethel, kituo mashuhuri cha diakonia nchini Ujerumani, kilijengwa juu ya huruma kwa wenye kifafa na wagonjwa wa akili. Mwaka 1940, serikali ya Wanazi ilipoanza kuwaua wagonjwa, Fritz von Bodelschwingh, kiongozi wa kituo, alipinga na kujitahidi kuwaokoa watu wake. Lakini sheria ya kufunga kizazi ya mwaka 1933 ilikuwa imekwisha kutekelezwa hapo hapo Bethel, chini ya uongozi ule ule, kwa mamia ya wagonjwa. Watu waliowapenda wagonjwa kwa dhati hawakuona kwamba miili ile si mali yao. Huruma ilikuwepo tele. Kilichokosekana ni haki ya mgonjwa kusema hapana. Hospitali ya Lutindi katika milima ya Usambara, yenye uhusiano wa miaka mingi na Bethel, ni sehemu ya urithi wetu, na historia hii tumeirithi nayo.

Sheria za nchi zetu zimefuata njia gani? Sheria ya Afya ya Akili ya Kenya ya mwaka 1989 ilimruhusu hata chifu au naibu wake kumchukua mtu anayemwamini kuwa na ugonjwa wa akili na kuwa hatari, au asiyetunzwa ipasavyo, na kumfikisha hospitalini. Aliyelazwa kwa nguvu kwa ombi la mume, mke au jamaa aliweza kuzuiwa miezi sita, ikaongezwa sita mingine. Marekebisho ya mwaka 2022 yameingiza haki ambazo sheria ya awali haikuzitaja: ridhaa, kushiriki katika kupanga matibabu, na kutunziwa siri. Hayo ni maendeleo, ingawa kulazwa kwa nguvu kumebaki. Kwa upande wa Tanzania, sheria ya mwaka 2008 ilichukua nafasi ya ile ya enzi ya ukoloni, lakini Katiba ya mwaka 1977, katika ibara ya 5, inalipa Bunge uwezo wa kumzuia raia asipige kura kwa sababu ya ugonjwa wa akili. Mtu anaweza kutoka Mirembe akiwa amepona, akalima, akalipa kodi, na bado akawa ni raia ambaye kauli yake inaweza kuwekwa kando kisheria.

Nchi zote mbili zimeridhia Mkataba wa Haki za Watu wenye Ulemavu wa mwaka 2006. Kenya mwaka 2008, Tanzania mwaka 2009. Mkataba huo umelipita azimio la 1991. Ibara ya 12 inamtambua kila mtu kuwa na uwezo wa kisheria sawa na wengine, na ibara ya 14 inakataza ulemavu kuwa sababu ya kumnyima mtu uhuru wake. Mwaka 2014 kamati inayosimamia mkataba ilifafanua kwamba kuamua kwa niaba ya mtu hakuna budi kuachwa, na mahali pake pawe kumsaidia mtu aamue mwenyewe. Wapo madaktari wasiokubali, nao si watu wa kudharauliwa. Anayemkesha mgonjwa asiyelala siku ya tano anayo hoja. Lakini hoja yake ni ya usiku ule. Haiwezi kuwa msingi wa miezi kumi na miwili.

Wahubiri wetu hukimbilia Marko 5 kila jambo hili linapotajwa, nasi twashauri wasome polepole. Ni kweli kwamba minyororo katika habari ile ni kazi ya jamii, na kwamba haikufaa kitu. Ni kweli pia kwamba Yesu anauliza jina. Lakini habari hiyo ina maombi ya pande tatu. Pepo wanaomba waingie katika nguruwe, wanakubaliwa. Wenyeji wanamwomba Yesu aondoke, anaondoka. Mtu aliyeponywa anaomba afuatane naye, na yeye peke yake ndiye anayekataliwa. Kwa hiyo fungu hili haliwezi kutumiwa kirahisi kuwa andiko la ridhaa. Linalosema ni jambo jingine: mtu huyo anarudishwa nyumbani kwa watu wake, kwa wale waliomfunga, naye anakwenda akiwa msemaji. Wao sasa ndio wanaopaswa kumsikiliza. Mahubiri mengi huishia kwenye nguruwe.

Kanuni ya 12, inayopitwa haraka na wengi, inadai kwamba mara baada ya kulazwa mgonjwa aelezwe haki zake zote, kwa namna na lugha anayoielewa, na kwamba akiwa na uwezo anaweza kumtaja mtu atakayeelezwa kwa niaba yake na atakayemwakilisha mbele ya wakuu wa hospitali. Azimio lenyewe lilitolewa katika lugha rasmi za Umoja wa Mataifa, na Kiswahili si mojawapo. Sheria ya Kenya imeandikwa kwa Kiingereza. Mama wa kijijini aliyeletwa wodini na gari la polisi hawezi kumtaja mwakilishi kwa haki ambayo hakuisikia. Mchungaji anayetembelea wodi kila Alhamisi akiwa na kitabu cha nyimbo anaweza kuwa na karatasi moja zaidi mfukoni, iliyoandikwa kwa Kiswahili chepesi, na kuisoma kando ya kitanda baada ya sala, kisha amwulize mama huyo ni nani angependa aitwe.