Banda la Slaimu na Hesabu ya Sabini

Mchezaji wa Minecraft akikosa slaimu, kitu cha kwanza kulaumu ni mahali alipojenga, cha pili ni mtego. Mara nyingi mahali ni sahihi na mtego ni mzima. Kilichomnyima slaimu ni mazombi waliojaa kwenye mapango ya chini, ambao hajawahi hata kuwaona. Nitalieleza hili kwa banda moja la kunasa slaimu alilolijenga mpwa wangu, kijana wa shule anayekaa kwenye maghorofa mapya ya Buxton, kisiwani Mombasa. Kasoro iliyomkwamisha naiona kwa wachezaji wengi, na namna alivyoiondoa inafaa kuigwa.

Kwanza kiumbe mwenyewe. Slaimu ni mchemraba wa kijani unaorukaruka, na amekuwamo kwenye gemu tangu 2010. Mkubwa ana pointi 16 za uhai. Akiuawa hugawanyika kuwa wa kati 2 hadi 4, wenye pointi 4 kila mmoja, nao wakiuawa kila mmoja hutoa wadogo 2 hadi 4 wenye pointi 1. Wadogo tu ndio wanaoacha ute, donge 0 hadi 2. Ukichukua wastani, slaimu mkubwa mmoja anakupa wadogo 9 na madonge 9 hivi, yaani kiasi kinachotosha kutengeneza bloku moja ya slaimu. Donge moja ukiliunganisha na pistoni ya kawaida unapata pistoni ya kunata, inayosukuma bloku na kuirudisha. Mpwa wangu anajenga ngome ya Fort Jesus kwa kipimo cha bloku moja kwa mita moja, na anataka lango linalofunguka lenyewe ukutani bila kuacha alama. Lango la aina hiyo halijengeki bila pistoni za kunata, na nyingi.

Kipimo hicho cha mita si mchezo wa watoto tu. Mwaka 2012 UN-Habitat, shirika la makazi la Umoja wa Mataifa lenye makao yake Gigiri, Nairobi, lilianza kushirikiana na Mojang, watengenezaji wa Minecraft, kuwawezesha wakazi wa mitaa kuchora viwanja vyao vya umma ndani ya gemu hii kabla havijajengwa, na Kibera ilikuwa miongoni mwa mahali pa mwanzo. Anayejua kupima ndani ya Minecraft amejifunza kupima.

Jaribio la kwanza la kupata slaimu mpwa wangu alilifanya kwenye kinamasi cha mikoko, na sioni ajabu. Kijana wa kisiwani anaijua mikoko ya Tudor tangu utotoni, na gemu ilipoongeza vinamasi vya mikoko mwezi Juni 2022, slaimu waliwekwa humo kama walivyokuwa kwenye vinamasi vya kawaida. Ila slaimu wa kinamasini ana masharti. Huzuka kati ya kimo cha 51 na 69 tu, penye mwanga wa 7 kushuka chini, na hufuata mwezi. Mtu wa pwani analielewa hili haraka, maana anajua bamvua na maji mafu. Tofauti ni kwamba bahari yetu hujaa mara mbili kwa mwezi, mwezi ukiandama na ukiwa mpevu, lakini slaimu wana bamvua moja tu, ya mwezi mpevu. Kadiri mwezi unavyopungua nao hupungua, robo kwa robo, hadi usiku wa kiza ambao hazuki hata mmoja. Siku ya gemu ni dakika 20 na mwezi una sura 8, kwa hiyo mzunguko mzima ni saa 2 na dakika 40, na sehemu kubwa ya muda huo unakaa mikono mitupu.

Kinamasi kinawafaa wanaotaka madonge machache ya kuanzia. Kwa lango la ngome, inabidi kushuka chini ya ardhi.

Huko chini mwezi hauna amri. Dunia ya Minecraft imegawanywa katika chanki, kila moja mita 16 kwa 16, na kwa wastani chanki moja katika kumi ni ya slaimu. Ndani yake huzuka popote chini ya kimo cha 40, kuwe na mwanga au giza. Kwenye toleo la Java, la kompyuta, chanki hizo hupangwa na mbegu ya dunia, ile namba iliyoizaa ramani yako, kwa hiyo ukiijua mbegu unaweza kuzipata kwa hesabu. Kujua uko chanki gani kunahitaji kugawanya tu: chukua namba ya mahali ulipo, gawa kwa 16, kisha shuka kwenye namba nzima iliyo chini. Ukiwa 215 unapata 13 na kitu, basi uko chanki ya 13, inayoanzia 208 na kuishia 223. Wengi huteleza upande wa hasi. Ukiwa −37, jibu ni −2 na kitu, na kushuka chini ni kwenda −3, wala si −2. Chanki hiyo inaanzia −48 hadi −33. Nimeona watu wakichimba shimo zima chanki moja pembeni kwa sababu ya alama hiyo ya kutoa.

Mpwa wangu hakukosea hesabu, na uamuzi wake wa pili ulikuwa mzuri zaidi. Kati ya chanki alizozipata, aliacha iliyo chini ya mlima na iliyo chini ya bahari, akachagua ya uwanda wa nyasi. Gemu inapotaka kuzusha kiumbe huchagua safu moja wima ndani ya chanki, halafu kimo chochote kuanzia −64 hadi bloku moja juu ya ile ya juu kabisa ya safu hiyo. Juu ikiwa ni 63, kuna vimo 129 vya kuchagua. Juu ikiwa ni mlima wa 191, kuna 257, na bahati ya kuangukia sakafu zako inakatika karibu nusu. Baharini kimo ni kizuri, lakini maji yenye giza huzaa mazombi wa majini, nao wangemletea tatizo lile lile ninaloliendea.

Alijenga sakafu tatu zilizojaza chanki nzima, ukisimama juu yake uko kimo cha 39, 35 na 31, akiacha bloku 3 za hewa kila moja ili slaimu mkubwa apate pa kusimama. Zote alizimulika kwa mienge. Hapa ndipo ninapomvulia kofia. Tangu mabadiliko ya toleo la 1.18, zombi, mifupa na kripa hawazuki penye mwanga wowote wa mwenge, hata wa 1. Slaimu wa chini ya ardhi hajali. Sakafu iliyomulikwa inamruhusu slaimu peke yake.

Akakaa akingoja kwenye kichumba alichokichimba pembeni mwa banda, kimo cha 10. Hakikuja kitu.

"Mjomba, nimefuata kila kitu, mbona hawaji?"

"Bonyeza F3. Nisomee herufi M imeandikwa ngapi."

"Sabini."

Jibu lilikuwa hapo kwenye skrini. Gemu huhesabu maadui wote walio hai na kuwawekea ukomo. Kwa mchezaji mmoja, ukomo wa Java ni 70. Slaimu yumo katika kundi hilo pamoja na zombi, mifupa, kripa na buibui, na kundi likijaa gemu haijaribu tena kuzusha yeyote kati yao. Slaimu ndiye mnyonge katika mashindano hayo, kwa sababu hata ndani ya chanki yake kila jaribio la kumzusha lina nafasi moja tu kati ya kumi ya kukubaliwa. Pango lenye giza halina kizuizi hicho. Litajaza nafasi zote 70 kabla banda lako halijaanza kufanya kazi.

Kuna njia ya kulithibitisha hili bila kukisia. Badilisha gemu iwe hali ya amani, na maadui wote watatoweka, M inarudi 0. Kisha rudisha ugumu wa kawaida na usiondoe macho sakafuni. Kwa mpwa wangu slaimu wa kwanza walionekana karibu papo hapo, wakarukaruka, na M ikawa inapanda: ishirini, arobaini, sitini. Ilipogusa 70, kimya. Banda likionyesha tabia hiyo, usiliguse. Ni zima. Kama hata kwenye dakika za mwanzo hakuna slaimu, hapo ndipo urudi kukagua chanki na vimo.

Dawa inayojulikana ni kumulika mapango yote, na watu huikimbia kwa sababu ni kazi ya kuchosha. Maadui huzuka kuanzia bloku 24 hadi 128 kutoka kwa mchezaji, na anayevuka 128 hufutwa. Hilo ni tufe lenye upana wa mita 256. Lakini tufe hilo linakuzunguka wewe, halilizunguki banda, na wewe unaweza kuhama. Akiwa kimo cha 10, tufe lake lilipofika −50, kwenye mapango makubwa ya chini, lilikuwa bado na nusu kipenyo cha mita 113. Akipanda juu ya ardhi hadi kimo cha 64, tufe linapofika −50 limebaki na mita 58 tu. Eneo la kumulika huko chini linashuka hadi karibu robo. Na sakafu ya juu iko 39, mita 25 chini ya miguu yake, nje kidogo ya zile 24 ambazo hakuna kinachozuka ndani yake. Ukijenga sakafu zako karibu na 40 na kusimama juu ya uwanda, umeshajipunguzia kazi kabla hujawasha mwenge hata mmoja.

Ndivyo alivyofanya. Alihamia juu, akamulika mapango yaliyobaki ndani ya tufe, kisha uwanda wenyewe ili usiku usilete wengine. M ikashuka, na wengi kati ya waliobaki kwenye hesabu sasa ni slaimu wake.

Kuua na kukusanya hakuhitaji maneno mengi. Slaimu humfuata golemu wa chuma akimwona, hata mchezaji akiwa mbali, kwa hiyo golemu amefungiwa katikati ya kila sakafu na kuzungushiwa bloku za magma. Slaimu wanaruka kumwendea, wanatua kwenye magma, wanaungua na kugawanyika hadi wadogo wafe. Magma haiteketezi vitu, na ute unabaki juu yake. Faneli ya kawaida haivuti kitu kupitia bloku nzima, lakini toroli lenye faneli likipita kwenye reli chini ya magma linavuta. Wanaotumia faneli tupu huona ute ukilala juu mpaka unapotea.

Wenzake wanaocheza kwa simu, toleo la Bedrock, wasichukue namba hizi kama zilivyo. Umbali wa uigaji ukiwekwa 4, maadui huzuka kati ya bloku 24 na 44 tu, na ukomo wa mapangoni umetengwa na wa juu ya ardhi, kwa hiyo eneo la kumulika ni dogo na ujanja wa kuhama haufai sana. Wana faida nyingine: chanki za slaimu za Bedrock hazitegemei mbegu ya dunia. Zipo mahali pale pale katika kila ramani, kwa hiyo aliyeipata moja Kisauni anaweza kumpigia mwenzake wa Likoni na kumtajia namba, naye akaanza kuchimba papo hapo.