Sifa za Mhariri Mgumu

Katika sinema nyingine za kale, mhariri wa gazeti huwa mzee mwenye roho ngumu, halafu vijana waandishi wanamzunguka mpaka analainika. Kwetu Bunia, mkoani Ituri, mashariki mwa Kongo, habari ni redio, na roho ngumu ya mhariri tunaiombea idumu.

Simu inaingia alfajiri kutoka upande wa mji wa Komanda: watu kumi wameuawa. Kijana tayari ameshika kalamu. Mhariri anamuuliza, "Nani amehesabu?" Je, ni shefu wa kijiji, ambaye naye alikimbia usiku uleule? Ni mtu wa shirika la kiraia, aliyepigiwa simu na mwingine? Au ni wa Msalaba Mwekundu, waliobeba maiti kwa mikono yao? Kila jibu lina uzito wake. Kisha linakuja swali ambalo vijana hulichukia: "Waliofanya hivyo, nani amewaona?" Kama hakuna, basi kabila lisitajwe.

Kijana anadhani mzee amechoka na dunia. Labda kweli amechoka. Lakini aliishi hapa wakati wa vita vya Ituri vya 1999 hadi 2003, ambapo uvumi mmoja ulitosha kuhamisha mtaa mzima. Radio Candip, iliyozaliwa kwa kazi ya elimu, ilijikuta mikononi mwa wenye bunduki. Juni 2003, wanajeshi wa Ulaya wakiwa wameshafika mjini, Acquitté Kisembo, kijana aliyekuwa akiwasaidia waandishi wa shirika la habari la AFP, alitoweka. Aliyepita hapo hasomi taarifa hewani kwa kuwa tu inasisimua.

Siku hizi WhatsApp inamtangulia mhariri, na watu wanamcheka kwamba redio imelala. Na ilale kidogo, mimi sioni ubaya.

Kinachomlainisha si maneno matamu. Ni kijana aliyepanda pikipiki hadi huko, akarudi na vumbi hadi kwenye nyusi na habari ndogo kuliko ile ya simu: kumi wamekuwa wanne, na majina yote anayo, yameandikwa vizuri, kila jina na kijiji chake. Hapo mzee anasogeza kiti. "Keti. Yako ndiyo ya kwanza."

Na msikilizaji je? Mama wa mtaa wetu wa Mudzi-Pela mwenye mzigo wa kupeleka Komanda hahitaji uchambuzi. Anataka kujua kama magari yanapita leo, na mhariri ndiye anayejua kama kijana wake ameiona barabara au amesimuliwa.