Sauti na Picha katika "Song of Ceylon"

Filamu ya Song of Ceylon, iliyoongozwa na Basil Wright na kutolewa mwaka 1934, husifiwa kwa uzuri wa picha zake, nayo yastahili sifa hiyo. Mvuvi arushaye wavu, watoto wafundishwao ngoma, mahujaji wapandao mlima wa Sri Pada: wote wametazamwa kwa subira na heshima. Lakini mwanafunzi wa lugha hana budi kuuliza: katika kisiwa hiki, kiitwacho Sri Lanka tangu 1972, ni nani anenaye?

Maelezo yametwaliwa hasa katika kitabu cha Robert Knox, baharia Mwingereza aliyezuiliwa katika ufalme wa Kandy tangu 1660 hata 1679. Maneno hayo, yaliyochapwa 1681, yasomwa na Lionel Wendt, mpiga picha mzaliwa wa Colombo. Uteuzi huo una faida, kwani Kiingereza cha kale chaepusha majivuno ya watangazaji wa siku zile. Una hasara pia. Maisha ya 1934 yaelezwa kwa maneno yenye umri wa zaidi ya miaka 250, kana kwamba wenyeji hawakupata kubadilika. Lugha yao yasikika katika nyimbo na sala, ila haina mfasiri.

Kati ya sehemu zake nne, ya tatu ndiyo yenye nguvu. Humo bei za soko na barua za biashara zasikika juu ya picha za watu wafanyao kazi. Sauti na picha zagombana, na mtazamaji aona jinsi jasho ligeukavyo kuwa tarakimu katika daftari la mfanyabiashara. Huo ni ujasiri, maana filamu yenyewe iliagizwa na bodi ya kuitangaza chai.

Hata hivyo mchumaji chai amebaki bubu. Kilimo cha chai cha biashara kilianza huko 1867, basi Knox hakuweza kumjua. Wengi wa wachumaji walikuwa Watamili wa asili ya India Kusini. Filamu haisemi walitoka wapi. Mwaka 1948 sheria ya uraia iliwaacha wengi wao pasipo uraia wa nchi waliyoitumikia. Hatuilaumu filamu kwa sheria hiyo. Twasema tu kwamba asiyetajwa katika habari za nyumba ni rahisi kuhesabiwa mgeni.

Kwa ufundi wa sauti, filamu hii ni mfano mwema. Kwa ushahidi wa maisha ya kisiwa, aifundishaye na ayajaze yale isiyoyasema.