Fundi wa Mapambo na Amana ya Wafu

Ndugu msomaji, watu wakitoka kutazama sinema humtaja mchezaji, na wachache humtaja mwongozaji. Lakini yuko wa tatu asiyetajwa: yule aliyeamua ukuta uwe wa rangi gani, taa itundikwe wapi, na mfalme avae kilemba cha namna gani. Kazi yake ni kukuonyesha jumba lisilokuwa jumba, nawe ukaamini. Je, kazi hiyo si uwongo? Wako wenzetu wanaouliza hivyo, wala si swali la kipuuzi. Mimi nitalijibu kwa kazi ya Mmisri mmoja, marehemu Shadi Abdel Salam.

Bwana huyu alizaliwa Iskandaria mwaka 1930. Alisomea mambo ya tamthilia London, kisha akarudi kwao akasomea usanifu wa majengo Cairo, akahitimu mwaka 1955. Baada ya hapo alishiriki kutengeneza mapambo na mavazi ya filamu kubwa za tarikhi: "Wa Islamah" ya mwaka 1961, inayohusu vita vya Waislamu na Matatari, na "An-Nasir Salahud-Din" ya Youssef Chahine, ya mwaka 1963. Alifanya kazi pia katika "Cleopatra" ya Wamarekani, na katika "Faraon" ya Wapolandi ya mwaka 1966. Alikuwa fundi wa kutumikia fikra za wengine.

Mwaka 1969 ndipo alipokamilisha filamu yake mwenyewe, "Al-Mumia". Na hapa pana ajabu. Mtu aliyezoea mapambo ya wafalme, alipopata uhuru wa kutenda atakavyo, aliyapunguza mapambo. Utaona majoho meusi juu ya mchanga mweupe, nguzo za mahekalu ya kale, mwanga wa alfajiri na wa magharibi, na sauti ya upepo. Hakuna kitu kilichowekwa kujaza nafasi tu.

Kisa chenyewe kimetokana na jambo lililotokea mwaka 1881. Karibu na Luxor palikuwa na ukoo uliogundua kaburi la siri lenye maiti za mafarao, ukawa unaiba humo na kuuza. Katika filamu, kijana Wanis anafiwa na baba yake, na wazee wanamfunulia siri: chakula alicholelewa nacho kimetoka katika majeneza. Kaka yake anakataa kula chakula hicho, naye anauawa. Mwisho Wanis anamwendea afisa wa Idara ya Mambo ya Kale na kumwambia kila kitu. Alfajiri majeneza yanabebwa mabegani mpaka merikebuni, kama mazishi ya mara ya pili.

Ama katika tarikhi, mambo hayakuwa safi hivyo. Katika ukoo ule mmoja alikamatwa akateswa, ndugu wakagombana, kisha mmoja wao akafichua siri na akalipwa zawadi ya fedha. Shadi aliiondoa bakora na fedha, akaweka dhamiri. Je, amedanganya? Mimi naona hapana, kwa kuwa hakudai kuandika tarikhi. Alitaka kuuliza swali ambalo bakora haiwezi kulijibu: mtu akijua kuwa riziki yake ni haramu, afanye nini?

Lakini mhakiki mwadilifu hasifu tu. Wanakijiji wa filamu hii wanazungumza Kiarabu fasihi, si lugha ya Saidi, na wanasimama kama sanamu. Uzuri wa picha umewaficha. Njaa yao hatuioni. Mwenye kumhukumu mwizi bila ya kuutazama mtungi wake mtupu, hukumu yake imepungua. Tena merikebu inapoondoka na hazina kwenda Cairo, wale maskini wanabakia na nini? Na Wanis, aliyesema kweli, anabakia peke yake ufukweni. Filamu inauonyesha upweke wake, ila ule wa kijiji hauulizi.

Miaka yake ya baadaye Shadi aliitumia kutayarisha filamu ya Farao Akhenaten. Alichora kwa mkono wake mavazi, viti na vyombo, mwaka baada ya mwaka. Fedha hazikupatikana za kutosha, naye akafariki mwaka 1986 bila ya filamu hiyo kupigwa. Michoro yake imehifadhiwa katika Maktaba ya Iskandaria, na mwenye kupita huitazama mpaka leo.

Basi nalirudia lile swali. Ukuta wa mbao uliopakwa rangi ya mawe si uwongo, maana kila mtazamaji anajua kuwa yuko katika sinema. Uwongo ni pambo linalowekwa ili mtu asifikiri. Fundi huyu alipanga kila kitu ili mtazamaji afikiri, na hata kwa filamu ambayo hakuiona alichora kiti ambacho hapana mtu angekikalia, kwa uangalifu ule ule.

Na sisi, ndugu msomaji, tulio na nyumba za kweli na zulia la kweli, tujiulize lile alilojiuliza Wanis: hivi tunavyovipamba kwavyo vyumba vyetu, vimetoka wapi? Wallahu aalam.